Makaa ya mawe, gesi, mafuta mazito au dizeli: anza kwa kuhesabu saa

Mwaka una saa 8,760. Anayetaka kuchagua namna ya kuzalisha umeme kwa kuchoma kitu aanze na namba hiyo, kisha ajiulize: katika saa hizo zote, mtambo wangu utazunguka ngapi? Wengi huanza na bei ya mafuta. Mmoja atasema makaa ya mawe ni rahisi, mwingine atasema gesi ni safi, na ubishi unaishia kwenye siasa. Bei ya mafuta huwa na maana baada ya saa kujulikana. Mtambo wa kuzunguka saa 8,000 kwa mwaka na mtambo wa kuzunguka saa 200 ni vitu viwili tofauti kabisa, hata kama vyote vimeandikwa megawati 100.

Jua, upepo na maji nimeviacha nje ya ulinganisho huu, isipokuwa pale vinapobadilisha hesabu ya saa. Na kila nikisema "yuniti" namaanisha kilowati-saa moja, ileile unayonunua kwa LUKU au kwa tokeni.

Mitambo yote hii hufanana mwishoni: sumaku inazunguka kandokando ya nyaya za shaba na umeme unatoka, jambo ambalo Michael Faraday alilionyesha mwaka 1831. Gridi zetu Afrika Mashariki ni za hezi 50, kwa hiyo jenereta kubwa ya ncha mbili huzunguka mara 3,000 kwa dakika, haijali kinachoungua upande wa pili. Tofauti iko kwa anayesukuma shafti. Makaa ya mawe huchemsha maji, na mvuke ndio unaosukuma turbaini. Gesi huchomwa ndani ya turbaini yenyewe. Mafuta mazito na dizeli husukuma pistoni, sawa na injini ya lori, ila ya mafuta mazito inaweza kuwa kubwa kama nyumba.

| Njia | Joto linalogeuka umeme | Kuwaka ikiwa baridi | Kaboni dioksidi kwa yuniti |
|---|---|---|---|
| Makaa ya mawe, boila na mvuke | 33–45% | saa 8 au zaidi | gramu 750–1,000 |
| Turbaini ya gesi peke yake | 33–40% | dakika 10–30 | gramu 500–600 |
| Turbaini ya gesi pamoja na ya mvuke | 50–60% | saa kadhaa hadi ifike nguvu kamili | gramu 350–400 |
| Injini za mafuta mazito | 40–46% | dakika chache, zikiwa zimepashwa moto | gramu 600–700 |
| Jenereta ya dizeli | 30–40% | chini ya dakika moja | gramu 700–900 |

Namba hizi ni za mitambo inayotunzwa na inayobebeshwa mzigo wake. Mtambo uliochoka au unaozunguka nusu tupu hushuka chini ya hapo.

Makaa ya mawe: ukiwasha, usizime

Makaa husagwa mpaka yawe unga, yanapulizwa ndani ya tanuri na kuungua yakiwa hewani. Kuta za tanuri ni mabomba yenye maji, na mvuke unaotoka hufika nyuzi joto 540 hivi; kwenye mitambo mipya zaidi hukaribia 600. Chuma kizito cha namna hiyo hakipashwi moto kwa pupa, kitapinda au kupasuka. Ndiyo maana kuwasha mtambo baridi huchukua kutwa nzima, na ndiyo maana mwenye mtambo wa makaa hufanya kila awezalo usizimike. Saa zake ni 6,000, 7,000 kwenda juu. Chini ya hapo, deni la kuujenga halilipiki.

Kinachosahaulika kwenye mijadala ya makaa ni usafiri. Kilo moja ya makaa mazuri ina joto la yuniti 6 au 7, na mtambo wa kawaida utakupa humo yuniti 2 na kidogo. Sasa chukua mtambo wa megawati 600, ukubwa ambao kwa miaka mingi umekuwa ukitajwa kwa Mchuchuma, wilayani Ludewa. Utakula takriban tani 270 kila saa, yaani tani 6,500 kwa siku. Kwa malori ya tani 30 hayo ni malori zaidi ya 200 kila siku, Jumapili na sikukuu zikiwemo. Hakuna barabara ya milimani itakayovumilia hilo, kwa hiyo mtambo wa makaa hujengwa mdomoni mwa mgodi, au penye reli, au penye bandari. Tanzania iliwahi kuwa na mtambo mdogo wa megawati 6 hapohapo mgodini Kiwira. Makaa ya Ngaka, Ruvuma, yamekuwa yakienda zaidi viwandani, hasa viwanda vya saruji, na mimi naona huko ndiko yanakofaa: tanuri la saruji linataka joto lenyewe, halipotezi theluthi mbili yake njiani kutafuta umeme.

Kenya walitaka kwenda kwa njia ya bandari. Mradi wa Lamu ulikuwa wa megawati 1,050, mashine tatu za megawati 350 kila moja, na makaa yangeletwa kwa meli kutoka Afrika Kusini. Tarehe 26 Juni 2019 Baraza la Taifa la Mazingira, ambalo kule ni mahakama maalumu ya kesi za mazingira, lilifuta leseni yake, likisema wananchi hawakushirikishwa ipasavyo na tathmini ya mazingira ilikuwa na kasoro. Mji Mkongwe wa Lamu uko kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO tangu 2001, na hoja za uvuvi, majivu na maji ya moto baharini ndizo zilizosikika zaidi. Mimi ningeongeza hoja ya fundi wa gridi. Wakati huo matumizi ya juu kabisa ya stima Kenya nzima yalikuwa chini kidogo ya megawati 2,000. Mashine moja ya 350 ikijizima ghafla saa mbili usiku, gridi imepoteza karibu sehemu moja ya sita kwa pigo moja. Na ikifika saa nane ya usiku, watu wamelala, mahitaji yameshuka, mtambo usiopenda kuzimwa ungeshindana na Olkaria, ambako tayari kuna usiku mvuke wa ardhini huachiwa hewani kwa kukosa wa kuutumia. Saa hazikuwepo.

Afrika Kusini saa zipo, na makaa yapo. Kusile na Medupi zimejengwa kila moja kwa karibu megawati 4,800. Lakini Medupi ilianza kujengwa 2007 ikakamilika 2021, na tarehe 8 Agosti mwaka huohuo, siku chache baada ya kutangazwa imekamilika, jenereta ya mashine namba 4 ililipuka. Haidrojeni inayoipoza ilikuwa inatolewa wakati wa matengenezo, hewa ikaingia kabla haijaisha. Makaa ni teknolojia ya zamani, ndiyo, lakini anayekuambia kwamba kwa hiyo ni rahisi hajawahi kusimamia boila.

Halafu kuna majivu, yenye zebaki na aseniki kidogo kidogo, yanayohitaji bwawa lisilovuja kwa miaka mingi kuliko umri wa mtambo wenyewe.

Gesi: tofauti kubwa iko kwenye moshi

Gesi ya Songo Songo iligunduliwa 1974, na ilifika Dar es Salaam kuzalisha umeme mwaka 2004. Miaka thelathini, kwa sababu gesi bila bomba haina thamani yoyote kwa mnunuzi. Bomba la pili, la kutoka Mtwara, lilizinduliwa 2015. Gesi yenyewe ni nzuri kwa kiwango cha kushangaza: karibu yote ni methani, haina salfa ya kusumbua, haiachi jivu.

Ukitaka kuona tofauti ya njia mbili za kuichoma, nenda Kinyerezi. Kinyerezi I ilianza na megawati 150 za turbaini za gesi peke yake: hewa inabanwa, gesi inachomwa, moshi wa moto unasukuma mapanga, kisha unatoka nje ukiwa bado na nyuzi joto mia kadhaa. Joto hilo lote limekwenda. Jirani yake Kinyerezi II, megawati 240, iliyoanza kazi 2018, moshi huohuo hupitishwa kwenye boila, huchemsha maji, na mvuke unazungusha turbaini nyingine. Mita moja ya ujazo ya gesi ina joto la yuniti kama 10. Njia ya kwanza itakupa 3 na nusu, ya pili 5 au zaidi kidogo. Gesi ileile, bomba lilelile.

Basi kwa nini mtu ajenge ya kwanza? Kwa sababu ya saa. Turbaini peke yake ni rahisi kununua, hujengwa haraka, na ukiihitaji jioni inawaka ndani ya nusu saa. Kama itazunguka saa 1,000 kwa mwaka, gesi inayopotea haifiki gharama ya boila, turbaini ya pili na mfumo wa kupozea. Ikivuka saa 4,000 au 5,000 hesabu inageuka. Kosa la kawaida ni kununua mtambo wa jioni na kuutumia mchana na usiku, na hakuna aliyelilipia kama Eskom, shirika la umeme la Afrika Kusini. Vituo vyake vya Ankerlig na Gourikwa vilijengwa kusaidia saa chache za mahitaji makubwa, na vinachoma dizeli. Mitambo ya makaa ilipokuwa ikianguka moja baada ya nyingine, vilizungushwa bila kupumzika, na katika mwaka wa fedha 2022/23 bili ya dizeli ikapita randi bilioni 20.

Turbaini za gesi zina udhaifu mmoja ambao wauzaji huuandika kwa herufi ndogo. Nguvu iliyo kwenye kibao hupimwa hewa ikiwa nyuzi 15. Dar es Salaam mwezi Februari ni 32, hewa ni nyepesi, na mtambo hupungukiwa na asilimia kumi hivi au zaidi. Unaponunua megawati 100 za kibao, hujanunua megawati 100 za Ubungo.

Udhaifu mwingine ni ghala. Makaa unaweza kurundika uani ya mwezi mzima. Gesi iko bombani, na valvu ikifungwa kila mtambo unaoitegemea unasimama siku hiyohiyo. Mikataba nayo mara nyingi humtaka mnunuzi alipie kiasi fulani hata kama hakukitumia. Tanzania jambo hili limekuwa la karibu zaidi tangu Bwawa la Nyerere, megawati 2,115, lilipoanza kuingiza umeme kwenye gridi Februari 2024. Mitambo ya gesi iliyokuwa ikibeba mzigo wa kila siku sasa inaelekea kuwa ya jioni na ya miaka ya ukame. Ukame wa 2006 na mgao wa 2011 ulituonyesha bei ya kukosa akiba hiyo: umeme wa dharura, mitambo ya kukodi, na mikataba inayolipia uwezo wa mtambo hata ukiwa umezimwa.

Kuhusu hewa, gesi iko mbele ya makaa waziwazi, mradi isivuje. Methani inayotoka bila kuungua hupasha dunia joto mara 80 hivi kuliko kaboni dioksidi kwa kipindi cha miaka 20, kwa hiyo bomba bovu linaweza kula faida yote. Dubai waliona uzito wa uchaguzi huu njiani: kituo cha Hassyan, megawati 2,400, kilikusudiwa kuchoma makaa, kikageuzwa cha gesi mwaka 2022. Ndugu zetu wa Muscat wanajua matumizi mengine ya joto la mitambo. Kituo cha Ghubrah, kilichoanza 1976, kwa miaka mingi kilitoa umeme na kusafisha maji ya bahari pamoja.

Mafuta mazito: ya bandarini

Haya ni masalia ya kiwanda cha kusafishia mafuta baada ya petroli, mafuta ya taa na dizeli kutolewa. Yakipoa hayatiririki vizuri, kwa hiyo hupashwa moto kupita nyuzi 100 kabla ya kuingia kwenye injini. Yana salfa, yana uchafu unaokula chuma, na fundi wake hakosi kazi. Lakini injini zenyewe zina ufanisi mzuri kuliko turbaini ya gesi iliyo peke yake, na zikipangwa saba au kumi kwenye jengo moja, moja ikiharibika nyingine zinaendelea. Kwa gridi ndogo hilo lina uzito kuliko asilimia mbili tatu za ufanisi. Rabai, nje ya Mombasa, wanafika hadi kuchukua joto la moshi wa injini na kuzungusha turbaini ndogo ya mvuke.

Mahali ndipo panapoamua. Kituo cha Kipevu kiko bandarini Mombasa, meli inashusha na mafuta yanafika kwa bomba fupi. Thika iko bara, mafuta hupandishwa kutoka pwani. Mkenya hahitaji mhandisi kumweleza tofauti, kwa kuwa bili yake ina mstari wa gharama ya mafuta unaopanda kila mitambo hii inapozungushwa sana na kushuka mvuke wa Olkaria na mvua vinapokuwa vizuri. Tanzania nayo ilijenga kituo cha Nyakato, Mwanza, mwaka 2013, mbali kabisa na bahari, kwa sababu Kanda ya Ziwa ilihitaji umeme na gesi haikufika. Kama suluhisho la miaka michache, sawa. Kama mpango wa miaka ishirini, laini ya msongo mkubwa ingekuwa nafuu zaidi.

Dizeli: ghali, lakini ipo

Lita moja ya dizeli kwenye jenereta nzuri yenye mzigo wa kutosha hutoa yuniti 3, mara chache 4. Kwa hiyo gawanya bei ya lita kwa tatu, hiyo ndiyo bei yako ya yuniti kabla ya oili, filta na fundi. Lita ikiwa shilingi 3,000 za Tanzania, yuniti ni 1,000. Ya TANESCO kwa mtumiaji wa kawaida, kwa bei zilizopangwa 2016, ni 292 bila kodi. Zaidi ya mara tatu.

Kiwanda cha saruji cha Dangote kule Mtwara kilianza kwa jenereta za dizeli huku gesi ya Mnazi Bay ikiwa mkoani humohumo, kikahamia kwenye gesi mwaka 2018. Kiwanda kinachozunguka mchana na usiku hakiwezi kuishi na dizeli, hata kiwe cha tajiri kiasi gani.

Zanzibar ni upande wa pili wa hesabu. Kuanzia Desemba 2009 hadi Machi 2010 Unguja ilikaa bila umeme wa gridi, miezi mitatu, baada ya njia ya waya wa chini ya bahari kuharibika. Hoteli zilizokuwa na jenereta ziliendelea kupokea wageni. Kwa miezi hiyo, kuuliza bei ya yuniti kulikuwa ni anasa. Serikali baadaye iliweka jenereta za akiba Mtoni, na waya mpya wa megawati 100 ukavutwa 2013. Ndivyo inavyopaswa: waya ubebe saa 8,700, dizeli ibebe zilizobaki.

Nani achukue nini

Kwa taifa lenye gesi, linalohitaji umeme saa zaidi ya 5,000: gesi pamoja na mvuke, bila mjadala mrefu. Kwa jioni na kwa mwaka wa ukame: turbaini ya gesi peke yake, au injini za gesi kama zile za Tegeta, megawati 45, zinazowashwa moja moja kadiri mahitaji yanavyopanda. Mimi ningechagua injini. Joto la Dar haziliogopi kama turbaini, na zikifanya kazi nusu hazipotezi sana.

Makaa ya mawe kwa umeme wa gridi nisingeyashauri kwetu leo, hata mdomoni mwa mgodi. Gridi zetu bado ni ndogo kwa mashine kubwa, na mashine ndogo za makaa zina ufanisi mbovu. Mwenye kiwanda kinachohitaji mvuke pamoja na umeme anaweza kufika jibu tofauti.

Mji wa bandari au kisiwa kisicho na waya: injini za mafuta mazito kama matumizi yanafika megawati kumi na kuendelea. Chini ya hapo, dizeli pamoja na jua la mchana, ili saa za dizeli zipungue.

Kiwanda kilicho njiani mwa bomba la gesi Dar, Pwani, Lindi au Mtwara: omba kuunganishwa kabla hujanunua jenereta ya pili ya dizeli.

Duka, zahanati au shule inayokatikiwa umeme saa chache kwa wiki: dizeli ya mizunguko 1,500 kwa dakika kama mzigo unapita kilowati 8 hivi, chini ya hapo petroli ya mizunguko 3,000 inatosha, ingawa lita itakupa yuniti moja au mbili tu. Jenereta za namna hii huuzwa kwa kVA. Zidisha kwa 0.8 upate kilowati. Pampu na friji huvuta mara tatu hadi sita ya umeme wake wa kawaida zinapoanza, kwa hiyo jumlisha hilo, lakini usinunue kubwa kupita kiasi: dizeli inayozunguka na mzigo chini ya theluthi moja haiunguzi mafuta vizuri, hujaa masizi na kuharibika mapema. Kama uko Nairobi au Iringa, mwinuko utapunguza nguvu, mwulize muuzaji kwa kiasi gani na aandike. Oili ya dizeli hubadilishwa kila saa 250 hivi, ya petroli ndogo kila saa 50 hadi 100. Na moshi wake una kaboni monoksidi isiyo na harufu, inayoua watu waliolala. Iweke nje, mbali na dirisha, hata siku ya mvua.